Abonema ya michezo ya video ikiisha, mteja anabaki na nini? Aambiwe kabla ya kulipa

Kwetu huku mashariki mwa Kongo, neno abonema halihitaji maelezo. Kila nyumba yenye dekoda inajua mambo yanavyokwenda: dekoda ni yako, antena juu ya bati ni yako, lakini mwezi ukiisha na feza haijaingia, picha inakatika, hata kama ni dakika ya 80 ya mechi. Watu wanalalamika kidogo, wanatafuta dola, maisha yanaendelea. Hakuna anayesema ameibiwa, kwa sababu hakuna aliyewahi kudhani kwamba amenunua Ligi ya Mabingwa.

Kwa michezo ya video hali ni nyingine. Tangu miaka kadhaa vijana wetu wa Goma, Bukavu, Uvira na Bunia wanatumia PlayStation na Xbox zenye abonema, na kuna jambo ambalo wauzaji wengi hawawaambii waziwazi. Abonema ikifa, sehemu kubwa ya michezo waliyoipakua inafungwa. Haifutiki. Inabaki pale pale ndani ya mashine, inakula nafasi, na pembeni ya picha yake kunatokea alama ya kufuli.

Tuchukue mfano mmoja ambao wengi wanaujua. Mwezi wa Mei 2024, Sony iliweka EA Sports FC 24 kati ya michezo ya mwezi kwa wenye abonema ya PlayStation Plus. Ukibonyeza, mchezo unaingia katika maktaba yako, bei imeandikwa bure. Kijana anafurahi, anasema amepata mpira wa mwaka bila kulipa. Lakini mchezo huo unafunguka tu wakati abonema iko hai. Ukikosa kulipa, unafungwa. Ukilipa tena hata baada ya mwaka mmoja, unafunguka. Basi ile “bure” haikuwa zawadi. Ni kodi ya nyumba iliyopewa jina la zawadi.

Na hiyo ndiyo aina iliyo nafuu. Tangu Juni 2022 PlayStation Plus imegawanyika katika ngazi tatu: Essential, Extra na Premium. Ngazi za juu zinatoa orodha ndefu ya michezo mamia, na orodha hiyo inabadilika. Mchezo ukiondolewa huwezi kuucheza tena hata kama umelipa mpaka mwisho wa mwaka. Game Pass ya Microsoft, iliyoanza mwaka 2017, inaendeshwa vivyo hivyo: michezo inaingia, mingine inatoka, na mwenye abonema anaonywa kabla na kupewa punguzo akitaka kununua ule unaoondoka. Abonema yenyewe ikiisha, orodha yote inafungwa siku moja.

Kinachobaki ni kile ulichonunua kwa bei yake. Hata kama ulinunua kwa punguzo la wanachama, mchezo huo ni wako kuucheza baada ya abonema kuisha. Diski nayo inabaki. Lakini hata hapa kuna mtego mdogo: wengine hununua nyongeza, yaani sehemu mpya au vifaa vya mchezo, kwa ajili ya mchezo waliopata kwa abonema. Nyongeza inabaki mali yao, ila mchezo wenyewe umefungwa. Ni kama kununua pneu nne za gari la kukodi.

Kuna pia kucheza na watu walio mbali. Kwenye PlayStation, michezo mingi ya kulipia haikuruhusu kupambana na wengine kwa intaneti bila abonema, hata kama diski umeinunua kwa jasho lako. Michezo inayotolewa bure kwa wote, kama Fortnite na eFootball, haidai hiyo abonema. Ndiyo maana ninawaambia vijana wanaoniuliza: kama shida yako ni mpira na marafiki tu, anza na eFootball, usikimbilie kulipa.

Sasa tuseme ukweli upande wa pili. Abonema si wizi. Mchezo mpya wa PlayStation 5 unauzwa mara nyingi dola 70. Abonema ya Essential kwa miezi 12 ilipanda Septemba 2023 kutoka dola 59.99 hadi 79.99. Mtu anayecheza michezo sita au saba kwa mwaka, mwenye intaneti nzuri na moto usiokatika, anapata faida. Mzazi wa Brussels au wa Montréal akifanya hesabu hiyo, simlaumu.

Lakini hesabu ya Brussels si hesabu ya Kadutu.

Kwanza ni mega. Mchezo mkubwa wa leo una makumi ya gigabaiti. Ulaya, mtu anapakua usiku kwa intaneti ya nyumbani anayolipia bei moja kwa mwezi, asubuhi mchezo uko tayari. Huku kwetu wengi wanapakua kwa mega za simu, wanazolipa moja moja, na mega zenyewe zina saa ya kufa. Kwa hiyo kijana wa hapa analipa mara mbili: analipa abonema, tena analipa njia ya kuleta mchezo nyumbani. Abonema ikiisha, au mchezo ukiondolewa katika orodha, kampuni inahesabu kwamba amepoteza dola kumi za mwezi. Yeye anajua amepoteza na zile mega zote. Hakuna anayemrudishia hizo, na katika masharti yale marefu hazitajwi popote.

Pili ni siku. Abonema ya mwezi inahesabu siku zote, za moto na za giza. Wiki moja bila umeme katika kata yako, siku tano mtandao umeanguka, saa inaendelea kutembea. Mwenye dekoda anaijua shida hii pia, lakini angalau mechi aliyokosa atasimuliwa na jirani.

Tatu ni njia ya kulipa. Kongo haimo katika nchi ambazo duka la PlayStation linazihudumia rasmi. Vijana wanafungua konti ya Ufaransa, ya Marekani au ya Afrika Kusini, kisha wanatafuta mtu wa kuwauzia kadi ya zawadi ya nchi hiyo, kwa bei iliyoongezwa kidogo. Januari 2025 vita vilipofika Goma na benki zikafunga milango, mtu aliyekuwa akilipa kwa kadi ya benki alijikuta hana njia, hata kama feza alikuwa nayo. Kukosa kulipa si lazima kuwe umaskini au uzembe. Abonema ambayo huwezi kuilipa tena kwa sababu ambazo si zako inakufungia michezo sawasawa na ya yule aliyechoka tu kucheza.

Ninataka kusimama zaidi kwenye jambo moja ambalo halizungumzwi kabisa, nalo ni kazi iliyohifadhiwa. Mtu akicheza saa 100, timu aliyoijenga na hatua alizozifikia zinaandikwa katika faili. Kwenye PlayStation 4 unaweza kunakili faili hizo kwenye kidude cha USB na kuziweka kabatini. Kwenye PlayStation 5, faili za michezo ya PS5 haziruhusiwi kutoka hivyo. Zina mahali pawili tu: ndani ya mashine yako, au katika ghala la Sony huko mtandaoni, na ghala hilo ni la wenye abonema. Nintendo nayo inatunza nakala za mtandaoni kwa siku 180 baada ya abonema kuisha, kisha haiahidi tena kitu. Microsoft ndiyo imefanya vizuri hapa: kwenye Xbox nakala ya mtandaoni haidai abonema.

Kwa mtu wa Paris hili ni jambo dogo, mashine yake inakaa miaka bila tatizo. Huku kwetu moto unaporudi kwa nguvu saa mbili usiku, unaunguza friji, televisheni na konsoli kwa pamoja. Mashine ikiungua na abonema imekufa, kila kitu kimekwenda. Kunyima mtu nakala ya kazi yake mwenyewe, kitu ambacho mashine ya zamani ya kampuni hiyo hiyo iliruhusu, hakuna sababu ya kiufundi inayoweza kunishawishi. Ni kamba ya kumfunga mteja ili aendelee kulipa.

Na mtu asiseme kwamba haiwezekani kufanya tofauti. Microsoft ilikuwa na mpango ulioitwa Games with Gold, ulioanza 2013 na kufungwa Septemba 2023. Michezo ya Xbox 360 ambayo watu walichukua kupitia mpango huo imebaki yao hata baada ya abonema kuisha. Michezo ya Xbox One katika mpango huo huo ilidai abonema iendelee. Kampuni ni moja, abonema ni moja, sheria ni mbili. Ni uamuzi wa wenye biashara, wala si amri ya mashine.

Huko nje mjadala huu umeshika moto. Januari 2024 mkubwa mmoja wa Ubisoft anayesimamia abonema, Philippe Tremblay, alieleza kwamba biashara hii itakua siku wachezaji watakapozoea kutomiliki michezo yao, kama walivyozoea kuishi bila CD na DVD. Miezi miwili baadaye, Machi 31, 2024, kampuni hiyo hiyo ilizima seva za mchezo wake wa magari The Crew, wa mwaka 2014, na hata waliokuwa wameununua kwa bei kamili hawakuweza kuucheza tena. Kutokana na hasira hiyo kukazaliwa kampeni ya Stop Killing Games, ambayo katika Umoja wa Ulaya ilipita sahihi milioni moja mwezi wa Julai 2025. Jimbo la California nalo limeweka sheria, inayofanya kazi tangu Januari 1, 2025: muuzaji wa kitu cha kidijitali haruhusiwi kuandika “nunua” bila kumwambia mteja waziwazi kwamba anapata ruhusa ya kutumia tu. Sheria hiyo haigusi abonema, na hapo ndipo ninapoona pengo lake.

Sisi hatuna sauti California. Lakini tuna Sheria ya Kidijitali ya Machi 13, 2023, inayogusa pia biashara ya kielektroniki, na tuna waagizaji, wauza kadi na wauza konti walio hapa hapa katika miji yetu. Tena tumeona kwamba wateja wakipiga kelele pamoja kuna kitu kinachosogea: makato ya RAM kwenye simu zetu yaliyoanza 2020 yaliondolewa 2022. Ninachoomba si kikubwa kama RAM. Anayeuza abonema, awe kampuni au kijana mwenye meza barabarani, amwambie mteja mambo matatu kabla feza haijapita kwenye M-Pesa au Airtel Money: ni michezo gani itafungwa siku abonema ikiisha, kazi iliyohifadhiwa itakaa wapi na kwa muda gani, na konti hii ni ya nani.

Hilo la tatu ndilo linalowaumiza zaidi wenye vyumba vya michezo. Kijana anakusanya feza za mama yake na za wajomba, ananunua PS4 ya mkono wa pili “yenye michezo 40”, anaweka benchi mbili na televisheni, anaanza kutoza kwa mechi. Michezo 40 ile iko kwenye konti ya mtu mwingine, na zaidi ya nusu ilichukuliwa kwa abonema. Siku moja abonema inakufa, au mwenye konti anaingia kutoka kwenye simu yake na kuondoa ruhusa ya mashine zote. Kijana anawasha asubuhi, wateja wako mlangoni, kila mchezo una kufuli. Aliyemuuzia hapokei simu. Polisi hawaelewi hata ameibiwa nini, maana mashine iko pale juu ya meza.

Kabla ya kutoa dola hata moja kwa mashine ya namna hiyo, kaa na muuzaji na umwombe aiwashe mbele yako. Angalia ni michezo mingapi iliyo kwenye diski, maana hiyo hakuna wa kukunyang'anya kwa kubonyeza tu. Kwa mingine, fungua taarifa za mchezo na maktaba ya konti, uone ni ipi iliyonunuliwa na ipi yenye alama ya PlayStation Plus. Uliza abonema inaisha tarehe gani. Uliza kama anakuachia konti pamoja na email yake na namba ya siri, na uzibadilishe mwenyewe kabla hamjaachana. Akianza kuzungukazunguka, lipa bei ya mashine tupu, na ile michezo 40 usiihesabu hata mmoja.