Jirani Mwema wa N'Djamena

Na Zainabu Mketo

Filamu ya Lingui inaanza na kazi, tena kazi ngumu. Amina anachana tairi kuukuu kwa kisu, anachomoa nyaya za ndani na kuzisuka ziwe jiko la mkaa, kisha anajitwika majiko yake kuyauza mitaani N'Djamena. Hakuna muziki wa kutuandaa kulia. Mahamat-Saleh Haroun, mwongozaji mzaliwa wa Chad, anatuacha tutazame mikono.

Binti yake Maria, mwenye miaka 15, ni mjamzito, na shule imekwisha kumfukuza. Amina naye alimzaa nje ya ndoa, ndugu wakamtenga; Maria hataki kuyarithi hayo. Sheria inamkataza kutoa mimba, dini inamkataza, na daktari wa siri anataka fedha ambazo biashara ya majiko haizisogelei.

Asiyetaka kuharibiwa utamu aruke aya hii na ya mwisho. Jirani yao Brahim, mtu mzima wa heshima zake, anamposa Amina, nasi watazamaji tunaona kheri: angalau mama atapumzika. Kumbe ndiye aliyembaka Maria. Haroun hakumpaka ubaya usoni hata kidogo, na hapo ndipo aliponikamata. Mabinti zetu tunawaonya dhidi ya bodaboda na makonda. Mzee wa kuamkiwa shikamoo hatumtaji.

Filamu ilioneshwa Cannes Julai 2021. Novemba mwaka huohuo serikali ya Tanzania ikatangaza kwamba wanafunzi waliokatishwa masomo kwa ujauzito wanaweza kurudi shuleni baada ya kujifungua. Jambo jema, lililochelewa. Lakini vikao vya familia havihitaji tangazo la waziri: binti anabanwa, "Nani kakupa?", na akimtaja mtu mzito, anayeanza kutiliwa shaka ni yeye.

Kuna kicheko pia. Ngariba anaigiza tu kumkeketa mtoto wa dada yake Amina, na baba anasherehekea asijue kitu. Ujanja huo umenifurahisha kuliko kisasi cha mwisho, Amina anapomvizia Brahim na kumshushia kipigo. Kwa filamu yenye subira namna hii, fimbo ni njia ya mkato. Nilitamani Brahim asimamishwe mbele ya imamu yuleyule aliyekuwa hachoki kumuuliza Amina mbona haonekani msikitini.