Maoni: Gari ni la tajiri, lakini moshi ni wa wote

Mhami anayesikiliza redio ndani ya kibanda cha turubai anaweza kuuliza: habari ya gari la kifahari inanihusu nini? Swali lake ni la haki. Mtu asiyejua watoto watakula nini jioni hana nafasi ya kufikiria injini ya Lexus. Lakini gari hilo linapita mbele ya kibanda chake kila siku, na kile kinachotoka nyuma yake kinaingia katika mapafu ya watoto wake. Kwa hiyo kinachofanyika garajini Bunia, chini ya gari ambalo si lake, kinamhusu yeye pia.

Mfano ni huu, na wenye magari wengi mjini watautambua. Mfanyabiashara ananunua Lexus RX 300 ya okazio. Imetoka ng'ambo, imeshuka bandarini Mombasa, imevuka Uganda na kuingia Ituri kwa njia ya Mahagi. Gari ni zuri: viti vya ngozi, injini ya silinda 6. Baada ya miezi michache, taa ya manjano yenye picha ya injini inawaka mbele ya dereva. Gari linakuwa zito likipanda kilima. Nyuma linatoa harufu ya mayai yaliyooza. Linapelekwa garaji. Fundi anachomeka kifaa cha kusoma hitilafu, anaona alama P0420, na bila kugusa kitu kingine anatoa hukumu: "Patroni, katalizeri imekufa. Hii kitu ni ya Wazungu, haina kazi huku kwetu. Tuitoshe, tuweke tuyo, gari itapumua."

Patroni anakubali, analipa, anaondoka. Chuma kilichotolewa kinabaki garaji, na yeye haulizi kitaenda wapi. Katika maneno hayo machache ya fundi mna makosa matatu: la kwanza ni la ufundi, la pili ni la mali, la tatu ni la afya ya watu.

Kwanza ijulikane katalizeri ni kitu gani. Ni kopo la chuma lililofungwa kwenye bomba la moshi, kati ya injini na sehemu ya kupunguza kelele. Ndani yake, katika magari mengi, kuna udongo wa kauri wenye matundu madogo mengi kama sega la nyuki. Kuta za matundu hayo zimepakwa madini ya platini, paladiamu na rodiamu. Moshi wa injini ukipita humo ukiwa na joto, gesi za sumu zinageuzwa. Monoksidi ya kaboni inakuwa kaboni dioksidi, esansi isiyoungua inamalizika kuungua, na oksidi za nitrojeni zinarudi kuwa nitrojeni, ile iliyojaa katika hewa ya kawaida. Katalizeri nzima iliyopata moto inaondoa zaidi ya asilimia 90 ya sumu hizo. Mmoja wa waanzilishi wa kifaa hiki alikuwa mhandisi Mfaransa, Eugène Houdry, aliyeishi Marekani na kusumbuliwa na moshi wa magari wa mji wa Los Angeles. Magari mengi ya Marekani yalianza kufungwa kifaa hiki mwaka wa 1975.

Sasa tuje kwenye kosa la kwanza. Alama P0420 haisemi "nunua katalizeri mpya", wala haisemi "itupe". Inasema tu kwamba kompyuta ya gari imeona usafishaji wa moshi umeshuka kwenye upande wa kwanza wa injini. Kwa injini ya V6, upande wa pili una alama yake, P0430. Ni kama mtoto mwenye homa: muuguzi mwema hampi dawa ya malaria kabla ya kumpima damu. Fundi mwema naye anapima.

Anaanza kwa kutazama kama kuna alama nyingine. Akikuta P0300, au P0301 hadi P0306, maana yake kuna silinda ambazo haziunguzi esansi vizuri. Huenda buji imechoka au bobini imekufa. Taa ya injini ikiwa inawaka na kuzima, kuwaka na kuzima, hiyo ni hatari zaidi: dereva apunguze mwendo na kusimama mapema, kwa sababu esansi isiyoungua inakwenda kuwakia ndani ya katalizeri na kuyeyusha ile kauri.

Kisha fundi anawasha injini ikiwa baridi na kusikiliza kama bomba lina tundu. Masizi meusi kwenye maungio ni ushahidi. Tundu dogo linavuta hewa ya nje na kuidanganya sonde ya oksijeni, kompyuta ikalaumu katalizeri isiyo na kosa. Baada ya hapo anatazama kwenye kifaa chake sonde ya nyuma, ile iliyofungwa baada ya katalizeri. Gari likiwa limepata moto na linakwenda mwendo mmoja, umeme wa sonde hiyo unapaswa kutulia, mara nyingi karibu na volti 0.6 au 0.7. Ukipanda na kushuka mbiombio bila kukoma, wakati injini haina ugonjwa mwingine, hapo ndipo katalizeri inashukiwa kweli.

Ule uzito wa gari kilimani una kipimo chake. Fundi anatoa sonde ya mbele na kufunga pale kifaa cha kupima mgandamizo. Kwa mizunguko 2,500 kwa dakika, kikipita psi 3 hivi, moshi umekosa njia: kauri imeyeyuka au imeziba. Na injini ikiwa baridi, akigonga kopo taratibu kwa nyundo ya mpira na kusikia mlio kama wa njugu, kauri imevunjika. Kazi yote hiyo ni ya asubuhi moja. Inagharimu kidogo kuliko kubahatisha.

Lakini hata ikithibitika kwamba katalizeri imekufa, swali kubwa linabaki: nani ameiua? Mara nyingi haifi yenyewe. Inauawa na buji mbovu ambazo hazikubadilishwa, na mafuta ya injini yanayopenya mpaka kwenye silinda na kutoa moshi wa bluu, na esansi iliyochanganywa. Wanaonunua kwa Kadafi kando ya barabara hawajui kila mara kilichomo ndani ya chupa. Mtu akifunga katalizeri mpya bila kutibu chanzo, atairudisha garaji baada ya muda mfupi, na pesa imekwenda. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

Kosa la pili ni la mali, na watu wa Ituri wangepaswa kulijua kuliko wengine. Hapa ni nchi ya dhahabu. Kijana wa Mongbwalu anajua kwamba hata vumbi la dhahabu lina bei, na hakubali kupimiwa na mizani ya ovyo. Lakini tajiri huyohuyo anayehesabu dhahabu yake mara tatu anaacha garaji kopo lenye gramu kadhaa za madini ya thamani, akidhani ni chuma chakavu. Mnamo Machi 2021, aunsi moja ya rodiamu, yaani gramu 31 hivi, ilipita dola 25,000 kwenye soko la dunia, wakati aunsi ya dhahabu haikufika dola 2,000. Bei ya rodiamu imeshuka sana tangu hapo, lakini somo limebaki. Kutokana na bei hizo, wezi katika miji ya Ulaya na Marekani wanaingia chini ya magari usiku na misumeno. Huku kwetu mwizi hahitaji msumeno: mwenye gari anaitoa mwenyewe, na kumlipa aliyeifungua.

Haisemwi hapa kwamba mafundi wote ni wezi. Wengi hawajui walichoshika mkononi. Wako pia vijana wahami waliojiunga na garaji ili kujifunza kazi, na ndio wanaopewa ile katalizeri ya zamani waipasue kwa nyundo bila kitambaa puani. Vumbi la kauri ile na la nyuzi zinazoizunguka halifai kuvutwa. Kijana aliyekimbia vita asije akapoteza mapafu yake kwa kazi ambayo hata faida yake haioni.

Kosa la tatu ndilo linalomrudisha yule mhami wa mwanzo. Neno "ni ya Wazungu, haina kazi huku kwetu" si kweli. Zamani lilikuwa na sababu, kwa kuwa esansi ilitiwa madini ya risasi, nayo yanaua katalizeri. Lakini nchi za Afrika kusini mwa Sahara ziliacha kuuza esansi hiyo mwanzoni mwa 2006. Tangu hapo, kisingizio hicho kimekwisha. Mapafu ya mtoto wa Bunia hayana tofauti na ya mtoto wa Los Angeles. Tena yako karibu zaidi na bomba: mama anayeuza ndizi na mahindi ya kuchoma amekaa chini, kando ya barabara, mtoto mgongoni, na gari linaposimama moshi unawafika usoni. Monoksidi ya kaboni haina rangi wala harufu. Inachukua nafasi ya oksijeni katika damu. Nje inaleta kichwa kuuma na uchovu. Ndani ya nyumba iliyofungwa inaua.

Kuna pia hatari ya moto. Katalizeri inafanya kazi kwa joto la digrii mamia, na injini ikiwa mbovu joto hilo linapanda kupita kiasi. Majani makavu yakigusana nayo yanaweza kuwaka. Katika kambi ambamo vibanda ni vya majani na turubai, vimebanana ukuta kwa ukuta, gari lililotoka safari na kusimama juu ya nyasi ni kiberiti kilichokwisha kuwashwa.

Wengine watapinga: vita haijaisha, watu hawana chakula, na hapa mnazungumzia bomba la moshi? Tena katalizeri ya kiwandani kwa gari la kifahari inaweza kupita dola 1,000. Hoja hiyo ina uzito kwa mwenye teksi ya zamani anayetafuta franga za siku, na hakuna anayepaswa kumhukumu. Lakini haimhusu aliyenunua Lexus, Mercedes-Benz au Range Rover. Mwenye uwezo wa viti vya ngozi ana uwezo wa kuwahurumia anaowapita. Na hata huyo hatakiwi kuanza na dola 1,000. Aanze na buji, bobini na tundu la bomba. Mara nyingine taa itazimika hapo. Ikibidi kubadilisha, kuna katalizeri zisizo za kiwanda cha gari lenyewe, za bei nafuu, mradi zilingane na injini. Ya okazio ipimwe kwanza, kwa sababu ya bei rahisi mno mara nyingi ni kopo tupu.

Na kazi ya kubadilisha ifanyike sawasawa. Gari lipoe kabisa, lisimamishwe juu ya vigingi imara, wala si juu ya jeki peke yake. Bolti zenye kutu ziwekwe mafuta ya kulegeza mapema. Mshale ulio kwenye kopo uelekee nyuma, moshi unakokwenda. Gasketi ziwe mpya. Kisha alama zifutwe, gari liendeshwe siku chache, na kipimo cha sonde ya nyuma kirudiwe. Fundi asiyerudia kipimo hajamaliza kazi.

Mwenye gari naye asitoke garaji bila majibu ya maswali matatu. Umepima nini kabla ya kusema imekufa? Nini kiliiua, na umekitibu? Ile ya zamani iko wapi? Hilo la tatu ni la lazima: katalizeri ya zamani ni mali yake. Mashirika ya misaada yenye magari mengi, yale yanayoingia kambini kila siku, yangeweka maswali hayohayo katika mkataba na garaji zao. Viongozi wa jimbo nao, wanapokagua magari, watazame pia chini ya gari, si karatasi peke yake.

Na mhami hana sababu ya kunyamaza. Gari likisimama mlangoni pake, injini inanguruma, nyasi kavu chini yake na watoto wanacheza nyuma yake, ana haki ya kutoka nje na kusema kwa heshima: "Baba, zima motere, sogeza gari kule kwenye udongo." Hilo halihitaji dola wala kifaa. Mwenye gari akisikia, asikasirike. Ameokolewa na yeye.