Acheni kuhesabu vichwa, bomoeni minara

Leo naweka kando mambo ya hifadhidata. Wale wanaongoja sehemu ya pili ya somo lile wanivumilie hadi wiki ijayo. Kuna jambo limenikaa rohoni kuhusu gemu, na nimechoka kulinyamazia.

Ndugu zangu mnaocheza Dota 2, pamoja na nyinyi wa League of Legends na Mobile Legends: tunashindwa mechi ambazo tungeshinda, na sababu si mtandao wala si bahati. Sababu ni kwamba tunahesabu kitu kisichotakiwa. Tunahesabu vichwa. Nani ameua wangapi, nani amekufa mara ngapi. Mechi ikiisha, jambo la kwanza tunalofanya ni kufungua ubao wa matokeo na kutafuta jina letu, hata kabla ya kujiuliza kwa nini jumba letu limebomolewa.

Kwa msomaji ambaye hajawahi kucheza, nieleze kwa ufupi. Timu ni mbili, watano kwa watano. Ramani ni moja, ina njia tatu. Kila upande una jumba kuu liitwalo Ancient. Kila njia inalindwa na minara mitatu, na minara miwili zaidi inasimama mbele ya jumba lenyewe. Jumla ni minara 11 kila upande. Kila baada ya sekunde 30 askari wadogo wanaoendeshwa na kompyuta hutoka na kuandamana kwenye njia zote tatu. Jumba la nani likianguka, huyo ameshindwa.

Basi! Hakuna sharti lingine. HAKUNA mahali popote palipoandikwa kwamba timu iliyoua zaidi ndiyo inayoshinda. Unaweza kuongoza kwa vichwa 45 kwa 20 na bado ukaangalia jumba lako likiporomoka.

Sisi watunga programu tunalijua kosa hili vizuri. Ukiandika kitanzi kinachongoja sharti moja litimie, halafu ndani yake ukawa unabadilisha kitu kingine kabisa, kitanzi hakitaisha hata ungoje mpaka kesho. Ndivyo wanavyocheza wengi wetu. Dakika 50 mtu anakimbiza watu porini, na sharti la ushindi halijaguswa.

Mtaniuliza, sasa hili nalo ni la kupigia kelele? Ni gemu tu! Hapana, lina madhara. Mwezi uliopita timu moja ya vijana hapa mtaani ilimtema mchezaji wake wa tano. Huyu ndiye msaidizi: ananunua vifaa vya timu, anapanda macho kwenye vilima ili wenzake waone adui anakotokea, na mara nyingi anakufa ili mbebaji wao aponyoke. Kapteni alimwonyesha ubao wa mechi ya mwisho: ameua 1, amekufa 9. "Unatuangusha." Mambo yakaishia hapo.

Mimi niliomba namba ya mechi ile, nikaangalia marudio yake yote. Timu iliua 30. Kijana huyo alisaidia katika 21 na kuua 1. Maana yake alikuwepo katika vichwa 22 kati ya 30, zaidi ya asilimia 70! Mara nne alikufa akiwa amebaki nyuma ili mwenzake mwenye dhahabu nyingi apate kukimbia. Na mechi ile waliishindwa vipi? Dakika ya 38 waliua maadui wanne, kisha watatu wao wakamfuata wa tano hadi msituni. Hawakumpata. Waliporudi, wale wanne walikuwa wamefufuka, na hata mnara mmoja haukuguswa. Aliyetemwa ndiye pekee aliyekuwa akipiga kengele kwenye mnara kuwaita wenzake.

Sasa nimesikia kuna waandaaji wa mashindano wanaotoa tuzo ya fedha kwa "muuaji bora". Siwataji, wenyewe wanajijua. Nawauliza hivi: mkimlipa mtu kwa kuua, mnategemea afanye nini? Abomoe mnara? Ni kama yule meneja anayempima mtunga programu kwa idadi ya mistari aliyoandika. Utapata mistari elfu kumi, na mfumo hautafanya kazi.

Msiseme haya ni maneno ya mtu wa pembeni tu. Tuangalie waliofika juu.

Agosti 2013, Seattle, fainali ya The International. Alliance ya Uswidi dhidi ya Natus Vincere ya Ukraine. Wako mbili kwa mbili, imebaki mechi ya tano. Alliance walikuwa na AdmiralBulldog akicheza Nature's Prophet, shujaa anayeweza kujirusha popote kwenye ramani. Wakati Na'Vi wanataka vita, yeye anagonga majengo. Na'Vi walipojaribu kurudi nyumbani kulinda jumba lao, s4 akiwa na Puck aliwakatiza wasiweze kusafiri. Alliance wakabomoa, wakachukua kombe na zaidi ya dola milioni 1.4. Watu waliuita uchezaji ule "Dota ya panya" kwa dharau. Sawa. Panya akaenda benki.

Mwaka huohuo, mwezi Januari, kule Katowice, xPeke wa Fnatic alifanya jambo la aina hiyohiyo katika League of Legends. Aliingia peke yake na Kassadin ndani ya ngome ya SK Gaming, akakwepa, akapiga jumba, akakwepa tena, akapiga tena, mpaka likaanguka. Miaka yote hii watu bado wanalitaja jina lake. Je, kuna anayekumbuka aliua wangapi siku ile?

Lakini mfano ninaoupenda zaidi ni wa mashine. OpenAI walitengeneza programu tano za kucheza Dota 2 kama timu, wakaziita OpenAI Five. Tarehe 13 Aprili 2019 zilicheza San Francisco na OG, mabingwa wa dunia wa 2018, zikawafunga mbili kwa sifuri. Baada ya hapo zikafunguliwa kwa umma kwa siku chache: zilishinda mechi 7,215, zikashindwa 42. Ni kweli mashujaa walioruhusiwa walikuwa 17 tu, kwa hivyo ilikuwa gemu iliyopunguzwa. Lakini sikilizeni jinsi zilivyofundishwa.

Kila programu ilikuwa inapata alama kwa mambo yake: dhahabu, kuua, kutokufa, minara, kushinda. Watengenezaji wakaongeza namba moja wakaiita roho ya timu, kati ya 0 na 1. Ikiwa 0, kila mmoja anajali alama zake tu. Ikiwa 1, kila mmoja anajali wastani wa alama za wote watano. Kadiri mafunzo yalivyoendelea, namba hiyo iliongezwa. Yaani mashine ilianza ikiwa na uchoyo, ikamaliza ikiwa haina "changu" kabisa.

Na matokeo? Mwaka wa 2018 watengenezaji wenyewe waliona kwamba programu zao zinawapa wasaidizi dhahabu na uzoefu mwingi mapema kuliko binadamu wanavyofanya. Tena zilikuwa tayari kuiacha njia yao rahisi ili zitawale njia rahisi ya adui. Kompyuta, ambayo haina aibu wala sifa za kutafuta mtaani, ilipoachwa ihesabu yenyewe, iliamua kumlisha mchezaji wa tano. Sisi tunamtema.

Sasa najua hoja zenu. Nizijibu moja moja.

"Ukiua unapata dhahabu, na adui anakaa nje." Kweli kabisa. Sikatai kuua. Ninachosema ni kwamba kichwa ni fedha, na fedha isiyonunua kitu ni karatasi. Mwanzoni mwa mechi adui anakaa nje kwa sekunde chache tu. Mwishoni, mwenye ngazi kubwa hukaa nje zaidi ya dakika moja. Dakika hiyo ndiyo uliyoinunua. Umeitumia kufanya nini?

"Mtandao wetu ni mbovu." Kabla ya 2009, tulipokuwa tukitegemea satelaiti, ningekuonea huruma. Ishara ilikuwa inapanda kilomita 36,000 na kushuka tena, nusu sekunde imekwisha kabla hujasema lolote. Nyaya za SEACOM na TEAMS zilifika Mombasa mwaka huo wa 2009 na mambo yakabadilika. Bado seva ya gemu haiko Nairobi, nakubali. Mwanga ndani ya nyuzi husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde, kwa hivyo kwenda Dubai na kurudi hakuwezi kupungua milisekunde 35, na njia halisi ya waya ni ndefu zaidi. Lakini hii ni sababu ya kuhesabu vichwa KIDOGO, si zaidi! Anayechelewa kidogo atashindwa pigano la kushtukizana. Mnara haushtukizi mtu. Umesimama palepale.

"Mfumo unanipangia wajinga ili nishindwe nusu ya mechi zangu." Hii ndiyo inayonichekesha. Mifumo hii ya kupanga viwango ina asili moja na ile ya sataranji iliyobuniwa na Arpad Elo. Ukishinda unapanda, unakutana na wakali zaidi. Ukishindwa unashuka. Ukifika mahali pako utashinda karibu nusu. Nusu hiyo ni dalili kwamba umefika kiwango chako, si njama dhidi yako. Halafu hesabu mwenyewe: upande wako kuna nafasi nne za mtu usiyemjua. Upande wa adui kuna tano. Wewe usipokuwa mjinga, wajinga wengi zaidi wataangukia kwao. Katika mechi moja huwezi kuliona hilo, katika mechi 200 utaliona.

Haya, asiseme mtu kwamba nimelalamika tu bila kutoa dawa. Timu yenu ifanye hivi:

1. Mkichagua mashujaa, ulizaneni swali moja: nani atabomoa minara? Mkiwa na wauaji watano na hakuna jibu, badilisheni mmoja kabla ya kuanza.

2. Kila kichwa kilipiwe. Mkiua, sekunde kumi zinazofuata chagueni kitu kimoja: mnara, Roshan, macho mapya kwenye msitu wa adui, au kurudi kununua vifaa. Kumkimbiza aliyebaki hakumo kwenye orodha.

3. Sukumeni njia za pembeni KABLA ya vita. Mkishinda, askari wenu tayari wako mlangoni. Mkishindwa, adui atalazimika kwanza kwenda kuzima moto nyumbani kwake.

4. Mkimuua Roshan, mwenye Aegis atafufuka papo hapo akiuawa, lakini uhai huo wa pili unadumu dakika 5 tu. Msiende kuwinda. Nendeni moja kwa moja kwenye kambi za adui. Kambi zikianguka, askari wenu wa njia ile wanapata nguvu, na zote sita zikianguka adui hapumui tena.

5. Mechi ikichelewa, wekeni dhahabu ya kujinunua kurudi uwanjani. Anayenunua upanga mpya akabaki bila akiba ameiweka mechi nzima rehani.

6. Usitembee bila hati ya kusafiria. Ni bei ya chini, na ndiyo inayokuwezesha kuulinda mnara ulio upande wa pili wa ramani.

7. Matusi acheni. Sihubiri dini hapa. Mtu anayeandika matusi ameondoa mikono kwenye gemu, na anayetukanwa huacha kusikiliza. Mnabaki watatu.

Kapteni, kabla hujamtema mtu kwa sababu ya ubao, fungua marudio. Nawe mwandaaji, tuzo ya muuaji bora ifute, fedha hiyo igawe sawa kwa watano walioshinda. Kidole kimoja hakivunji chawa, na hatuna haja ya kulipa kidole.

Na wewe msomaji, jipe kazi moja wiki hii. Chukua mechi tano ulizoshindwa. Angalia kila mara timu yenu ilipoua, kisha andika kwenye karatasi mlipata nini katika dakika moja iliyofuata: mnara, kambi, Roshan, au hakuna. Mwisho jumlisha "hakuna" zote. Namba hiyo itakufundisha zaidi ya video yoyote ya siri za ushindi, na bando lako litabaki.

Wiki ijayo turudi kwenye hifadhidata.