Chichén Itzá Haieleweki Bila Maji Yake

Ratiba ya safari ya siku moja kutoka Cancún kwenda Chichén Itzá haitofautiani sana baina ya wakala mmoja na mwingine. Basi huondoka alfajiri, likasafiri takriban kilomita 200 kuelekea magharibi. Wageni hushuka kwenye magofu ya mji huo wa kale wa Wamaya, mwongozaji akawaeleza habari za piramidi na uwanja wa mpira, kisha wakaachiwa muda wa kupiga picha. Wakishakula hupelekwa kuogelea kwenye senote, yaani shimo kubwa la asili lenye maji matamu ya chini ya ardhi, na jioni hupitishwa mji wa Valladolid kutazama kanisa kabla ya kurudishwa hotelini. Katika matangazo ya safari hizi, asubuhi huitwa historia na mchana huitwa burudani. Mgawanyo huo ndio ninaoupinga. Mtu anayeingia senote akidhani ameshamaliza habari za Wamaya na sasa anapunga upepo amekosa jambo kuu la siku hiyo, na atarudi nyumbani bila kujua kwa nini mji mkubwa namna ile ulijengwa pale na si kwingineko.

Tuanze na ardhi yenyewe. Rasi ya Yucatán, kusini mashariki mwa Meksiko, ni tambarare ya mawe ya chokaa. Mvua hunyesha ya kutosha katika msimu wake, tangu Mei hadi Oktoba hivi, lakini maji hayakai juu: hupenya kwenye nyufa za mawe na kupotea chini. Ndiyo maana kaskazini mwa rasi hiyo unaweza kusafiri kutwa nzima usivuke mto hata mmoja. Huko chini maji yameyeyusha chokaa kidogo kidogo kwa muda mrefu mno, yakachimba mapango, na pale dari ya pango ilipoporomoka pakafunguka senote. Zipo kwa maelfu. Upande wa kaskazini magharibi, nyingi zimejipanga kama upinde kufuata ukingo wa kreta ya Chicxulub, iliyochimbwa na kimondo kilichoanguka miaka milioni 66 iliyopita, kile kinachohusishwa na mwisho wa dinosaria. Upande wa mashariki, karibu na mji wa Tulum, mwaka 2018 wazamiaji walithibitisha kwamba mapango mawili yaliyojaa maji, Sac Actun na Dos Ojos, yameungana, na jumla yake ikapita kilomita 340. Katika mapango ya eneo hilo kuna shimo liitwalo Hoyo Negro, ambamo mwaka 2007 yaligunduliwa mabaki ya msichana aliyeishi zaidi ya miaka 12,000 iliyopita, wakati maji yalikuwa bado hayajapanda. Kwa hiyo anayejitosa kwenye senote anaingia mahali palipoanza kuwahudumia binadamu muda mrefu kabla ya piramidi yoyote.

Mji wenyewe unathibitisha hoja hii kwa namna ulivyopangwa. Chichén Itzá ina senote mbili kubwa. Ile ya Xtoloc iliwapa watu maji ya matumizi ya kila siku. Nyingine, Senote Takatifu, yenye kipenyo cha mita 60 hivi, iliunganishwa na uwanja wa katikati kwa barabara ya mawe ya karibu mita 300, na huko watu walitoa sadaka kwa miungu, hasa Chaac, mungu wa mvua. Piramidi ya Kukulcán, ambayo kila mwongozaji huisifu kwa ngazi zake 91 kila upande zinazofikisha hesabu ya 365 pamoja na jukwaa la juu, iko kati ya maji hayo mawili. Mwaka 2015 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Taifa cha Meksiko walitangaza kwamba vipimo vya umeme ardhini vinaonyesha uwazi unaoelekea kuwa na maji chini ya piramidi hiyohiyo. Kuanzia 1904, Mmarekani Edward Thompson alichimbua tope la Senote Takatifu, akatoa jade, ubani, mifupa ya watu na dhahabu iliyotoka mbali kama Kosta Rika na Panama. Sehemu kubwa ilipelekwa Chuo Kikuu cha Harvard, na ni sehemu tu iliyorudishwa Meksiko baadaye. Watu waliosafirisha dhahabu kutoka nchi za mbali ili kuizamisha kwenye shimo hilo hawakuliona kuwa pambo la mji.

Ongeza ukame. Matone ya chokaa yaliyoganda mapangoni na matope ya chini ya maziwa ya Yucatán yanaonyesha vipindi virefu vya ukosefu wa mvua kati ya mwaka 800 na 1000 hivi. Ni katika miaka hiyo ambapo miji mikubwa ya kusini ilihamwa, ukiwamo Tikal, uliokuwa ukitegemea mabwawa ya kukingia mvua. Chichén Itzá, iliyokuwa juu ya maji yasiyotegemea mvua ya mwaka mmoja, ilikuwa ikipanuka. Sisemi kwamba maji pekee yanaeleza yote. Palikuwa na vita, biashara ya chumvi ya pwani ya kaskazini, na siasa za koo za watawala. Lakini mwongozaji anayetumia dakika 40 kueleza kivuli cha nyoka kinachoonekana kwenye ngazi wakati wa ikwinoksi, asitaje ukame hata mara moja, amewapa wageni mazingaombwe akawanyima sababu.

Pengo hilo ndilo linaloachia nafasi hadithi za kutisha. Kwa zaidi ya karne moja wageni wamesimuliwa kuhusu wanawali waliotupwa majini. Mifupa iliyopatikana haikubaliani na simulizi hiyo: imo ya wanaume, wanawake na watoto wengi. Mwaka 2024 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa vinasaba vya watoto 64 waliozikwa katika birika la chini ya ardhi karibu na Senote Takatifu, na wote walikuwa wavulana, miongoni mwao pacha wa kufanana jozi mbili. Kafara ilikuwepo, na haina haja ya kufichwa. Ila uchunguzi huohuo ulilinganisha vinasaba vya watoto hao na vya wakazi wa leo wa Tixcacaltuyub, mji wa jirani, ukakuta ni watu wa asili moja. Hapo ndipo neno “walitoweka”, linalorudiwa kila siku kwenye mabasi ya watalii, linapobomoka. Zaidi ya watu 700,000 nchini Meksiko wanazungumza Kimaya cha Yucatán, na katika vijiji vingine wakulima bado wanafanya ibada ya kumwomba Chaac mvua. Mpishi aliyewaandalia wageni chakula cha mchana huenda ni mjukuu wa waliojenga ukuta walioupiga picha asubuhi.

Msomaji wa pwani yetu ana sababu ya kulielewa hili haraka. Gedi na Kilwa pia ni miji ya mawe ambayo kwa muda mrefu wageni waliwasifia watu wa mbali kwa kuijenga, badala ya waliokuwa wakiishi pale. Na Gedi pia inasomeka vizuri kwa kufuata visima vyake. Kushuka kwa maji ya ardhini ni mojawapo ya maelezo yanayotolewa kuhusu kwa nini ilihamwa. Anayejua kuuliza “walichota wapi?” ameshafika mbali.

Wapo watakaosema siku moja haitoshi, na kwamba ni afadhali mtu aende mwenyewe kwa basi la kawaida, alale Valladolid siku mbili. Mwenye muda na fedha afanye hivyo. Wengi hawana, na muda mfupi si kosa lenyewe. Kosa ni mpangilio wa maelezo. Mawakala hujibu kwamba magofu lazima yatangulie kwa kuwa adhuhuri jua ni kali. Sawa, yatangulie. Hakuna kinachomzuia mwongozaji kueleza habari za mawe na maji wageni wakiwa bado ndani ya basi, wala kuwapitisha kwanza kwenye barabara ile hadi Senote Takatifu kabla ya umati kujaa, ndipo awarudishe kwenye piramidi. Wakifika hapo watauliza maswali mengine kabisa. Na kwa kazi hii mwongozaji aliyesomea, mwenye kitambulisho cha serikali, ana faida kuliko kibao kilichosimikwa mlangoni, maana kibao hakijibu swali.

Pingamizi zito zaidi linahusu maji yenyewe: kwamba kupeleka mamia ya watu kuogelea ni kuchafua na kudharau mahali patakatifu. Kuhusu heshima, Senote Takatifu hairuhusiwi kuogelewa, na hivyo ndivyo inavyopaswa kubaki. Ila senote nyingi za vijijini zilikuwa visima vya kuchota, na wenyeji wamekuwa wakizitumia siku zote. Kuhusu uchafu, hofu ni ya kweli kabisa. Chokaa yenye nyufa haichuji kitu. Watafiti wamekuta mabaki ya dawa na vipodozi katika maji ya chini ya ardhi ya ukanda wa hoteli, na maji hayo huishia baharini kwenye miamba ya matumbawe. Cancún, iliyofungua hoteli zake za kwanza mwaka 1974, imeleta majitaka mengi kuliko losheni ya muogeleaji yeyote. Halafu ikaja Treni ya Maya, iliyoanza kubeba abiria Desemba 2023, ambayo baadhi ya nguzo zake kati ya Cancún na Tulum zimetoboa mapango. Utalii hauwezi kunawa mikono hapo.

Hata hivyo, tazama kilichotokea Homún, mji mdogo kusini mashariki mwa Mérida, ambako familia za Wamaya hupata riziki kwa kuwapeleka wageni kwenye senote kwa bajaji. Shamba la kufugia nguruwe wapatao 49,000 lilipojengwa karibu, wenyeji walipiga kura yao wenyewe kulikataa mwaka 2017, wakaenda mahakamani kwa jina la watoto wao. Mwaka 2018 shughuli za shamba zikasimamishwa kwa amri ya mahakama, na mwaka 2021 Mahakama ya Juu ya Meksiko ikaikubali amri hiyo. Watu wale walikuwa na sababu za afya na za imani, lakini pia walikuwa na kipato kinachotegemea maji safi, na kipato hicho kiliwapa nguvu. Senote iliyo mikononi mwa kijiji ina mlinzi. Iliyo mikononi mwa kampuni ya mbali ina mteja tu, na mteja akichoka ataenda ufukwe mwingine.

Kwa hiyo unayepanga safari hii, kabla hujalipa muulize wakala senote mtakayokwenda inamilikiwa na nani, na kiasi gani cha kiingilio kinabaki kijijini. Muulize kama mwongozaji atawafikisha Senote Takatifu au mtaishia kwenye piramidi. Siku ya safari usijipake losheni asubuhi. Vaa shati la mikono mirefu, na uoge vizuri kabla ya kuingia majini, hata kama hakuna anayekusimamia. Wakala asiyejua majibu ya maswali hayo matatu hastahili fedha yako.