Kilichoangusha karafuu si tufani, ni bei ya shambani

Katika masoko ya Tandika, Mbagala Rangi Tatu na Tandale, karafuu huuzwa kwa vipimo vidogo vya kutosha sufuria moja ya pilau. Wanaoinunua na wanaoiuza ni wengi, lakini ni wachache wanaokumbuka kwamba zao hilo liliwahi kubeba uchumi wa nchi nzima ng'ambo ya bahari, na kisha likaporomoka.

Historia ya zao hilo inafaa kusomwa upya na wakulima wa pembezoni mwa jiji, kuanzia Kongowe, Chamazi na Toangoma hadi Bunju na Mabwepande. Ni kweli kwamba hawalimi karafuu, lakini kilichowapata wakulima wa Pemba kinaweza kumpata mkulima yeyote wa mti wa kudumu.

Asili ya mkarafuu ni visiwa vya Maluku, nchini Indonesia. Ulifika Zanzibar mwanzoni mwa karne ya 19, na Seyyid Said alipoona faida yake aliamuru wenye mashamba wapande mikarafuu mitatu kwa kila mnazi, la sivyo wanyang'anywe ardhi. Kazi nzito ya kufyeka, kupanda na kuchuma ilifanywa na watumwa. Karne hiyo ilipofika katikati, Zanzibar ilikuwa inaongoza duniani kwa zao hilo.

Pigo la kwanza lilikuja Aprili 1872, wakati tufani ilipoangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja. Pemba ilinusurika kwa kiasi kikubwa, bei ikapanda, watu wakapanda miche upya. Tangu hapo Pemba ndiyo ikawa kitovu cha karafuu. Pigo la pili lilikuja mwaka 1897 utumwa ulipopigwa marufuku kisheria. Wengi walitabiri kuwa zao litakufa kwa kukosa wachumaji. Halikufa, kwa sababu walipatikana wachumaji wa kulipwa.

Swali la kujiuliza ni hili: ikiwa karafuu ilihimili tufani na kuondoka kwa watumwa, ni kitu gani basi kilichokuja kuiangusha?

Jibu lipo katika bei ya shambani. Baada ya Mapinduzi ya mwaka 1964 mashamba makubwa yalitaifishwa, na wananchi wengi wakagawiwa eka tatu tatu. Mwaka 1968 likaundwa Shirika la Taifa la Biashara Zanzibar, maarufu kama ZSTC, ambalo lilikuwa mnunuzi pekee wa karafuu. Katika miaka ya 1970 bei ya nje ilikuwa nzuri sana, mnunuzi mkubwa akiwa Indonesia, ambako karafuu husagwa na kuchanganywa na tumbaku kutengeneza sigara za kreteki.

Fedha hizo zilibeba bajeti ya Serikali, na hakuna anayeweza kusema kuwa zote zilipotea. Tatizo ni kwamba mkulima aliyepanda, akapalilia na kuanika alipata sehemu ndogo tu ya kile kilicholipwa na mnunuzi wa nje. Mkarafuu huchukua miaka sita hivi kabla ya kuanza kuzaa vizuri. Mtu asiyebaki na kitu baada ya mavuno hawezi kusubiri miaka sita. Kwa hiyo aliendelea kuchuma miti aliyoikuta, nayo ikazeeka.

Wakati huo huo Indonesia ilikuwa inapanda mikarafuu yake kwa wingi. Katika miaka ya 1980 ikaanza kujitosheleza, na bei ya dunia ikaanguka. Zanzibar ikajikuta na miti mikongwe, mkulima aliyekata tamaa na mteja aliyeondoka. Karafuu iliyobaki ikawa inavushwa usiku kwa majahazi kwenda Kenya, ambako mkulima alilipwa zaidi. Serikali ilipambana na magendo kwa doria na adhabu kali, lakini magendo hayakukoma.

Dawa ilipatikana mwaka 2011. Serikali ya Dk. Ali Mohamed Shein ilipandisha bei hadi kufikia sh. 15,000 kwa kilo, ikilenga kumpa mkulima karibu asilimia 80 ya bei ya nje, na ikagawa miche. Magendo yakapungua na karafuu ikarudi kwenye vituo vya ununuzi. Ikumbukwe kwamba ZSTC ilibaki mnunuzi pekee. Kilichobadilika ni mgawo. Hivyo wanaodhani kwamba tatizo lote ni idadi ya wanunuzi wanakosea. Mnunuzi mmoja anayelipa vizuri ni bora kuliko kumi wanaopunja.

Bara nako somo hili lilikwishaonekana katika korosho, zao linaloanzia Mkuranga, hatua chache kutoka Mbagala. Msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna zaidi ya tani 140,000. Msimu wa 1986/87 mavuno hayakufika tani 20,000. Wakulima walikuwa wamehamishiwa vijijini mbali na mikorosho yao, ugonjwa wa ubwiriunga uliingia, na bei ndogo haikumpa mtu sababu ya kurudi kupalilia. Viwanda vya kubangua vilivyojengwa kwa mikopo vikafungwa kwa kukosa korosho. Bei ilipotengemaa na salfa ilipopatikana, zao lilirudi, hadi kuvuka tani 300,000 msimu wa 2017/18.

Hapana shaka kwamba kiwanda huanzia shambani, na shamba huanzia mfukoni mwa mkulima. Chama cha ushirika, halmashauri au kampuni inayochukua sehemu kubwa ya bei nzuri hujiona imepata, kumbe inakula mbegu ya kesho.

Mkulima naye ana wajibu wake. Mwaka wa bei nzuri ndio mwaka wa kung'oa mti mkongwe na kupanda mche mpya. Mwenye korosho, minazi au miembe asisubiri bei ianguke ndipo akumbuke kupanda, kwa kuwa wakati huo hatakuwa na fedha ya kununua hata mche. Aidha, kabla ya kuuza, wanachama wa kikundi waulize bei inayolipwa bandarini na makato yote yaliyomo katikati. Asiyejua bei ya mwisho hawezi kujua kama anapunjwa.

Wapemba walisubiri miaka mingi hadi mgawo uliporekebishwa, na miti iliyozeeka katika kusubiri huko haikurudi ujana. Wahenga walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta.