Shosho hakupanda ngazi

Acheni kutuuzia sinema za kimya kama maonyesho ya gauni zinazometa, sigara na muziki wa jazi. Tazameni Piccadilly, filamu ya Uingereza ya mwaka 1929 iliyoongozwa na E. A. Dupont. Kinachoanzisha mambo yote mle ni sahani chafu.

Mteja mmoja, ndiye Charles Laughton, anawaka kwa sababu sahani yake ina doa. Wilmot, mdosi wa klabu, anashuka chini kuona kuna nini. Kule kwa kuosha vyombo anamkuta msichana Mchina akicheza dansi juu ya meza, wenzake wameacha kazi wanamtazama. Jina lake Shosho. Haya, cheka, halafu tuendelee. Anaigizwa na Anna May Wong, mzaliwa wa Los Angeles aliyechoshwa na vijisehemu vya Hollywood akavuka bahari. Shosho anafutwa kazi. Baadaye biashara inapoyumba, mdosi yule yule anamwita acheze ukumbini.

Hapo ndipo watu hupiga makofi: hasla ametoboa! Kipaji kimelipa! Lipa nani? Jiulize ni nani anayeosha sahani usiku ule Shosho anapong'aa juu. Sinki ni lile lile, mshahara ni ule ule. Ametolewa mtu mmoja tu, tena kwa sababu viti vilikuwa vitupu. Hiyo si haki, hiyo ni hesabu ya mdosi.

Na filamu yenyewe inajua. Shosho anampeleka Wilmot kwenye baa moja Limehouse, mashariki mwa London. Huko mwanamke Mzungu anatimuliwa kwa kosa la kucheza na mwanamume Mweusi. Wawili hao wanatazama, na ujumbe umewafikia.

Lakini ujasiri wa Dupont unaishia hapo. Busu la Shosho na mdosi hatulioni. Shosho anauawa, na Jim, Mchina mwenzake, anakufa pia. Wilmot na Mabel, mpenzi wake Mzungu aliyekuwa nyota wa klabu kabla ya Shosho, wanabaki hai. Filamu iliyofichua ubaguzi inamaliza kwa kuutii.

Kwa hivyo usiniambie ati ni hadithi ya kujituma. Ni hadithi ya jengo lenye ghorofa mbili, na ya juu hailiwi msosi bila ya chini kuloa maji. Itazame, tena leo. Ila macho yako yaanzie jikoni.