Teke Lenye Hadithi
Jumanne jioni, katika kibanda cha video karibu na kituo cha daladala, vijana waliokuwa wakipiga kelele filamu nzima walinyamaza ghafla: Bruce Lee alikuwa anamfunika Chuck Norris, aliyelala bila uhai, kwa koti lake la karate na mkanda wake mweusi. Filamu ni The Way of the Dragon ya mwaka 1972, na wengi hawajui kwamba Lee, mbali na kuicheza, aliiandika na kuiongoza mwenyewe. Ndiyo maana pambano lake na Norris ndani ya uwanja wa kale wa Colosseum lina hadithi yake. Mwanzo Lee anapigwa, anaanguka. Kisha anabadili mwendo wa miguu, analegeza mwili, anarukaruka, na mpinzani anakosa pa kumshika. Karibu na mwisho anamtikisia kichwa, kama anayemsihi aache, lakini mwenzake anakataa kushindwa. Mpiganaji asiyejua kuandika angeishia kwenye ushindi. Mwandishi asiyewahi kupigana asingejua uchovu unavyobadilisha uamuzi wa mtu. Nimekulia kwenye filamu hizi, na sehemu ile bado huitazama kwa heshima. Pigo lisilo na sababu humchosha mtazamaji kabla ya kumchosha adui. Filamu zetu nyingi za mapigano zina mateke ya kutosha; zinakosa muswada. Ninyi mnaofanya mazoezi ya kungfu na karate kwenye kumbi na fukwe zetu, nusu ya kazi mnayo tayari mwilini. Shikeni kalamu, mwandike kwa nini mtu anapigana, ndipo muite kamera.